Jina Lililosomwa Mara Tatu

– Effie, mimi siitwi Brown.

Nilikuwa nimeinama nafunga kamba za kiatu. Nikabaki nimeinama vilevile. Zimebaki wiki tatu ufunge ndoa, halafu mwanamume anakwambia jina unalomwitia si lake! Niliogopa kuinua uso nisije nikakuta na sura nayo imebadilika.

– Basi unaitwa nani?

– Rattray. Alec Rattray.

– Hilo la Alec ni lako, au nalo umeliazima?

– Ni langu. Na ninavyokupenda ni kweli vilevile. Uongo ni jina la ukoo tu.

– “Tu”, eti!

Tulikuwa kando ya mto Passaic, upande wetu wa Kearny, mji uliojaa wahamiaji wa Kiskoti kama sisi. Ng'ambo ni Newark, alikokuwa akicheza besiboli ya kulipwa. Kule kiwandani, wasichana wote tuliokuwa tukiviringisha uzi tulimjua kama Brown, yule mdakaji anayesimama nyuma ya mpigaji na kudaka mipira kwa mikono mitupu. Wakati huo mdakaji akivaa glavu alizomewa mpaka anakimbia uwanja. Kina Brown walikuwa tele, kila timu na wake. Lakini Rattray! Jina la Kiskoti kutoka Perthshire, ukilisikia mara moja halikutoki kichwani.

– Umeua mtu, Alec?

– Ningekuwa nimeua, ningejificha mbele ya watazamaji elfu mbili?

Nilitaka kucheka, lakini yeye hakuwa akicheka. Alikuwa akivivuta kimoja kimoja vidole vyake vilivyopinda kwa mipira.

Akanisimulia. Kabla ya kuja huku alikuwa mrushaji mpira katika timu ya magharibi, ana ndevu mpaka kifuani. Nahodha wao, Lyman Crewe, aliiuza mechi kwa wacheza kamari. Wenye timu wakamwita Alec, wakamuuliza, akasema alichokiona. Crewe akafungiwa kucheza besiboli maisha yake yote.

– Alinisubiri nje, Effie. Hakupiga kelele. Alisema, “Popote nitakapolisikia jina lako, nitakuja nikuvunje vidole kimoja kimoja.” Kesho yake narudi chumbani, nakuta magongo yangu yote kumi ya kupigia mpira yamevunjwa, yamelazwa kitandani kwa mstari.

– Kumi?

– Kumi. Nikanyoa ndevu siku ileile, nikapanda treni.

Nilimshika ile mikono. Kisha nikakumbuka jambo.

– Alec, matangazo ya ndoa!

– Ndiyo maana nimekwambia leo.

Kanisa letu lilishika desturi ya nyumbani Uskoti. Huozwi mpaka majina yenu yasomwe mbele ya watu Sabato tatu mfululizo. Anayeyaandika na kuyasoma ni karani wa kanisa. Na karani, kwa bahati yangu, alikuwa baba yangu mzazi, Mzee Gavin Laidlaw.

– Tuandike Brown, akasema.

– Niolewe na mtu asiyekuwepo? Wanangu wawe watoto wa nani?

– Effie, nikisikika tu...

– Nitazungumza na Baba. Anajua kutunza siri za kanisa zima, atashindwa ya binti yake?

Hapo ndipo nilipokosea, na nilikosea kwa mapenzi.

*

Kwanza ijueni nyumba yetu. Kwetu hakuna aliyetamka neno Jumapili. Ni Sabato. Siku hiyo hupiki, hupigi mluzi, hukati kucha. Viatu vinang'arishwa Jumamosi, viazi vinamenywa Jumamosi. Shangazi Bethia, dada yake Baba, aliwahi kunyimwa salamu wiki nzima kwa kushona kifungo kimoja siku ya Sabato, na kifungo chenyewe kilikuwa cha koti la Baba.

Nilimweleza Baba kila kitu, jina, Crewe, vidole, yale magongo kumi. Alisikiliza huku supu yake ya shayiri ikipoa.

– Kwa hiyo ni mkimbizi, akasema.

– Ni mtu aliyesema kweli, Baba.

– Akaisema, halafu akakimbia. Mtu mzima analipwa kwa kucheza mpira, na hata jina la baba yake analiogopa. Huyo ndiye wa kukulinda wewe?

– Gavin, kula supu, Shangazi akamkatiza. Hata wewe wakati wa kuposa ulikuwa unatetemeka mpaka kofia ikakudondoka.

Baba hakucheka. Akachukua kitabu chake cha kanisa.

– Sheria ni sheria. Litasomwa la kweli. Na habari ya huyo Crewe itaishia mezani hapa.

Nilimbusu mkono. Laiti ningejua.

*

Sabato ya kwanza Baba alisimama na kitabu chake.

– Kuna kusudi la ndoa kati ya Alexander Rattray, wa Newark, na Euphemia Laidlaw, wa usharika huu.

Vichwa vikageuka. “Rattray? Si ndiye Brown yule?” Minong'ono ikapita kutoka kiti hadi kiti. Nilikuwa nahesabu sura nisizozijua. Kila mwenye mabega mapana nilimwona ndiye Crewe.

Jumanne Alec alinisubiri kwenye geti la kiwanda, uso umemwishia damu.

– Imekuja barua, Effie. Imesukumwa chini ya mlango wangu.

– Iko wapi?

– Nimeitia motoni. Inasema amelisikia jina.

Siku mbili tu! Tulitembea hadi darajani, tukigeuka nyuma kila baada ya hatua kumi kama wezi.

Jumatano nilienda kutazama mechi. Alec alidondosha mipira mitatu, yeye ambaye hakuwa akidondosha mmoja kwa mwezi. Watu wakamzomea. “Brown! Mikono umeipaka siagi?” Hakuwa akiutazama mpira, alikuwa akitazama watu. Nami nikamwona aliyekuwa akitazamwa. Ni mwanamume wa kofia ya kijani, amekaa peke yake, anaandika kitu kwenye kidaftari. Anamkazia Alec macho, anaandika. Nikatoka uwanjani kabla mechi haijaisha.

Sabato ya pili jina likasomwa tena. Alec hakuja kanisani.

– Mchumba yuko wapi? Mchungaji akaniuliza mlangoni.

– Anaumwa, nikasema. Nikadanganya siku ya Sabato, na paa halikuniangukia.

Baba alinitazama tu. Chakula cha mchana kilikuwa nyama baridi na mkate baridi, kama kawaida ya siku hiyo.

*

Jumamosi, nikiwa namenya viazi vya kesho, ikaletwa karatasi.

“Effie wangu. Imekuja ya pili. Leo saa tisa napanda treni. Nikibaki wataniharibu mikono, na bila mikono nitakulisha nini? Nisamehe. Wako, A.”

Nilikimbia na aproni yangu. Nilivuka daraja, nikagongana na watu, nikamkuta Alec stesheni, ameshika tiketi na begi dogo.

– Unaniachaje, Alec! Jina langu limesomwa mara mbili mbele ya watu, halafu unaniacha?

– Nakuacha ukiwa mzima. Akinifuata kwako je? Akianza na vidole vyako?

– Nipe hiyo barua.

– Ya nini?

– Nipe! Kama nitaachwa kwa karatasi, angalau niisome.

Akanipa. Ilikuwa imeandikwa kwa herufi kubwa zilizopinda:

“RATTRAY. ONDOKA KABLA JINA LAKO HALIJASOMWA MARA YA TATU. UKIBAKI, VIDOLE VYAKO KUMI NI VYANGU. USIDHANI UMEPONA NISIPOTOKEA KANISANI. NITAKUJA JUMATATU, MAANA KAZI KAMA HIYO HAIFANYWI SIKU YA SABATO.”

Nikasoma. Nikasoma tena. Treni ilikuwa inaingia, moshi unatujaa machoni.

– Alec. Huyo Crewe ni mtu wa dini?

– Crewe? Alikuwa akicheza kamari hata kwenye matanga ya mama yake.

– Alikuwa akishika Sabato?

– Effie, treni hii...

– Nijibu! Mlevi, mcheza kamari, anataka kukuvunja mikono, halafu anangoja siku takatifu ipite kwanza? Umewahi kuona jambazi wa hivyo?

Mama yake Alec alimlea kwa desturi zilezile, ndiyo maana Sabato ile haikumshtua. Hofu ilikuwa imemfanya asome vidole tu.

– Ni nani basi?

Katika dunia nzima niliyoijua, mtu ambaye hata uovu angeuahirisha hadi Jumatatu alikuwa mmoja, na ndiye aliyenifundisha kusoma. Nilitamani kurudi kwenye hofu ya Crewe. Hii ilikuwa inauma zaidi.

Treni ikaondoka. Sisi tukabaki.

*

Baba alikuwa jikoni, anang'arisha viatu vya kesho. Nikaiweka barua juu ya meza, kando ya kopo la rangi.

– Umeandika kwa mkono wa kushoto, Baba?

Brashi ikasimama. Shangazi Bethia akaikwapua karatasi, akaisoma, akaketi.

– Gavin! Ee Mungu wangu. Gavin!

– Nilitaka kujua ni mtu wa namna gani, Baba akasema bila kuinua kichwa. Nilimtisha kwa karatasi, akakimbilia stesheni. Akija mwenye nyundo, atakuacha na mtoto mgongoni. Mimi sitakuwepo milele, Effie. Naogopa.

– Mimi ndiye nimeogopa, Baba! Wiki mbili sijalala! Nilikupa siri, ukaifanya kisu!

– Alikimbia.

– Hakukimbia. Yuko mlangoni.

Alec akaingia, kofia mkononi.

– Mzee Laidlaw, sitakudanganya. Tiketi nilikata. Effie asingekuja ningepanda. Na hata sasa naogopa, maana Crewe wa kweli yuko hai. Lakini sitapanda tena treni bila yeye.

Nikasema kwa sauti ambayo sikujua kama ninayo:

– Kesho ni mara ya tatu. Utalisoma jina lake vizuri, Baba. Usipolisoma, nitasimama mimi niwaambie watu kwamba kizuizi cha ndoa yangu ni barua, na mwandishi wake ni karani wa kanisa.

– Na mimi nitasimama naye, Shangazi akasema. Na kile kifungo nitakitaja.

Baba akaanza kufunga kopo la rangi. Alijaribu mara tatu, kifuniko hakikukaa.

*

Sabato ya tatu Alec alikaa kando yangu, bega kwa bega. Baba akapanda kwenye jukwaa la kusomea. Alipofungua kitabu tu, mlango wa nyuma ukalia.

Aliingia mwanamume wa kofia ya kijani.

“Siye Crewe,” Alec akaninong'oneza, “lakini atakuwa katumwa naye.” Niliona mikono yake ikijificha yenyewe ndani ya koti. Nilikuwa nimejiambia vitisho vya Crewe ni uongo wa Baba. Lakini yale magongo kumi hayakuwa ya Baba, na jina lilikuwa limeshasomwa mara mbili, limezagaa mji mzima. Baba naye alimwona, akatuona na sisi tulivyoogopa. Sijawahi kuona uso wa mtu ukizeeka kwa haraka namna ile. Alikuwa amemwita shetani kwa mchezo, akaona shetani ameitika.

Nikajua sasa atafunga kitabu. Hakufunga.

– Alexander Rattray, akasoma, sauti ikagonga ukuta wa nyuma. Alexander Rattray, wa Newark, na Euphemia Laidlaw, binti yangu. Mara ya tatu na ya mwisho. Mwenye kizuizi na aseme.

Mwanamume wa kofia ya kijani akasimama.

Mtu mmoja akaguna. Mimi nilimshika Alec mkono, na Baba akashuka. Mzee wa miaka sitini na mbili, kifua chembamba, akatembea hadi kwenye kiti chetu akasimama mbele ya Alec, mgongo kwetu, uso kwa mgeni.

– Utaanza na vyangu, akasema, akanyoosha vidole vyake kumi.

Mgeni akavua kofia, akatazama huku na huku, amechanganyikiwa.

– Vidole vya nini, Mzee? Samahanini jamani, nilifikiri mmemaliza. Mimi naandika habari za mechi gazetini. Wiki mbili sasa nasikia Brown siye Brown, nikaja nisikie kwa masikio yangu. Nataka kujua tu, mechi ya Jumatatu niandike jina gani?

Watu wengine waliangua kicheko. Sisi hatukucheka. Gazeti lile lilikuwa likisomwa hadi magharibi. Kuandikwa mle ni sawa na kumpelekea Crewe anwani ya nyumba.

Alec alinitazama. Nilitamani kumwambia aseme Brown, Mungu anisamehe, nilitamani sana. Nikanyamaza. Akatoa mikono ndani ya koti, akaiweka juu ya kiti cha mbele, watu wote wakaiona ilivyopinda.

– Andika Rattray.

Yule bwana akatoa kidaftari. Baba akamshika mkono.

– Umemsikia. Lakini leo ni Sabato, na kidaftari hicho kitabaki mfukoni. Njoo kwangu kesho asubuhi, nitakuandikia mwenyewe kutoka kwenye kitabu.

Na kweli Jumatatu alimwandikia, kwa mkono wa kulia. Ijumaa tukafunga ndoa.

Hiyo ni miaka kumi na minne iliyopita. Crewe hajaja. Labda alikufa, labda alisoma gazeti akachoka na hasira yake, labda yuko njiani. Mlango ukigongwa, bado mimi na Alec tunatazamana kwanza. Kisha mmoja wetu anauliza “Nani?”, na wa nje akiuliza kama hapa ndipo kwa Rattray, tunasema ndipo, tunafungua.