Jiko la Mgomba

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Tatu alikuwa na kazi moja iliyomkera kuliko hesabu za sehemu: kumwaga majivu ya jikoni kwenye migomba ya bibi yake. Kumwaga majivu kwenyewe si kitu. Shughuli ilikuwa kupenya. Migomba ile ya ndizi mzuzu, nyuma ya nyumba yao pale Miono, ilikuwa imesongamana kama watu kwenye foleni ya maji. Ukiingia unachanwa na majani makavu, na ukitoka una utando wa buibui mpaka kwenye nyusi.

Msongamano huo haukuguswa. Bi Mwanabaraka, bibi yake Tatu, alisema chipukizi ni mtoto, na mtoto hakatwi. Yaliyokatwa ni majani mabichi, tena kila penye shughuli. Iwe harusi, hitima au maulidi, wapishi walikuja kuchukua majani ya kufunikia wali kabla ya kuupalia makaa. Bibi hakuwa na ulimi wa kusema hapana. Alidai kwamba jani likikatwa litaota jingine.

Basi ilipotoka mikungu, ilikuwa ya kutia huruma, ndizi zake nyembamba kama vidole vya mtoto mgonjwa. Jambo hilo lilimuuma bibi mno. Tangu aolewe, siku ya kwanza ya kila Ramadhani alipeleka msikitini sinia la ndizi za nazi, ndizi za shamba lake mwenyewe. Ramadhani iliyopita alipeleka za kununua sokoni, na aibu ikamfanya ajifungie ndani jioni nzima. Ndipo baba yake Tatu, Bwana Kitwana, alipokata shauri: Ramadhani nyingine ikifika migomba haijazaa cha maana, ataing'oa yote apande mihogo. Bibi hakubisha. Aliingia chumbani kwake, na Tatu akamsikia akilia taratibu.

Tatu hakuweza kuvumilia. Kesho yake alimweleza Mwalimu Ridhiwani, msimamizi wa shamba la shule, naye Jumamosi akaja. Aliizunguka migomba, akaeleza kwamba kila shina libakiwe na migomba mitatu tu: mama anayezaa, mtoto na mjukuu. Chipukizi la kuachwa ni lile lenye majani membamba yaliyochongoka kama upanga. Yale yenye majani mapana yanapendeza macho tu. Hayakushika vizuri kwenye shina, na hayazai la maana. Hayo yakatwe, na majani makavu yaondolewe. Kisha akaona makovu ya majani mabichi yaliyokatwa, akatikisa kichwa.

"Jani bichi ndilo jiko la mgomba," alisema. "Humo ndimo unamopikia chakula cha ndizi zake. Mmeunyang'anya jiko, halafu mnashangaa wanawe wamekonda."

Bibi alisikia yote kutoka mlangoni, akanuna. Jioni Tatu alikwenda kukaa naye mkekani.

"Bibi, ukiweka sahani moja ya wali mbele ya watoto kumi, nani atashiba?"

Bibi akamwambia, "Haya, mke mwenzangu, kata. Lakini migomba yangu ikifa, tutakosana mimi na wewe."

Tatu akakata, siku baada ya siku akitoka shule. Utomvu ulimharibia magauni yake ya nyumbani, mikono ikaota malengelenge, na wenzake darasani wakampachika jina la Daktari wa Migomba. Yeye aliwacheka, akaendelea. Mvua zilipokuja, migomba iliyobaki ikanenepa, majani yakawa mapana na mazito, na mgomba mama mmoja ukachomoza mkungu.

Siku moja akaja Bi Wahida, mpishi mkuu wa shughuli zote za Miono, kisu mkononi. Kulikuwa na harusi kesho yake. Tatu alimwamkia, akaitikiwa, na Bi Wahida akapita moja kwa moja hadi kwenye mgomba wenye mkungu. Tatu alimtazama bibi yake. Bibi alikuwa anatazama chini. Tatu akasimama mbele ya mgomba.

"Bi Wahida, niwie radhi. Haya siwezi kukupa. Ndiyo yanayoulisha mkungu huu."

Bi Wahida akashusha kisu. "Mwanabaraka, mjukuu wako ananinyima jani?"

Bibi aliinua uso. "Msikilize kwanza," alisema.

Tatu akamshika mgeni mkono, akampeleka upande wa pili wa shamba. Huko machipukizi ya majani mapana yalikuwa yameota tena, nayo yalikuwa ya kukatwa wiki ile ile. Bi Wahida alikata jani moja, akalinyoosha juani. Lilikuwa laini, halina hata tundu. Akacheka, akasema siku zote amekuwa akifunika wali kwa majani yaliyochanwachanwa na upepo kumbe mazuri yako huku. Akaondoka na mzigo kichwani.

Mwezi wa Ramadhani ulipoandama, Bwana Kitwana aliukata mkungu ule mwenyewe. Alijaribu kuubeba peke yake, ukamshinda, ikabidi Tatu ashike upande mmoja. Ndizi zake zilikuwa nene na ndefu, na majirani waliopita walisimama kuuliza mbegu. Bibi alizipika kwa tui zito na hiliki, akaimba tangu kumenya mpaka kuepua. Sinia lilikwenda msikitini limejaa, likarudi limefutwa safi, na aliyelirudisha akauliza kama kesho lipo jingine. Bwana Kitwana akatangaza kwamba mihogo atatafuta pengine pa kuipanda.

Bibi alimvuta Tatu karibu yake. "Mimi nilidhani ukarimu ni kutokataa kitu," alisema. "Nikagawa majani mpaka nikakosa ndizi ya kumpa mtu. Wewe umefanya kazi, ukajua cha kutoa na cha kutunza. Siku ile ulikataa jani, mjukuu wangu, na leo msikiti mzima umefuturu."