Siku Zilizokuwa Zikiwapita

Mume alikuwa kinyozi na mke alikuwa fundi wa kushona nguo.

Duka la kinyozi lilikuwa na viti viwili, kioo kirefu na redio iliyoshika stesheni moja tu. Fundi alifanya kazi hatua mia mbili kutoka hapo, katika chumba chenye cherehani tatu. Alishona sare za shule, mashati ya kazini na sketi. Kila siku saa saba mchana, mmoja wao alimfuata mwenzake wakala pamoja. Watu wa mtaa walizoea kuwaona hivyo.

Walikuwa na miaka mitatu ya ndoa. Mwanzoni walikubaliana kungoja mpaka wapate nyumba yenye chumba cha pili. Walipoipata, wakaacha kutumia kondomu, wakaanza kutafuta mtoto.

Miezi miwili ikapita. Mwezi wa tatu fundi akaanza kuhesabu siku.

Aliyemfundisha kuhesabu alikuwa mwenzake wa cherehani ya pili, mwanamke wa makamo mwenye watoto wanne. Vifungo vyote vya pale vilipita mikononi mwake, kwa hiyo watu walimwita Dada Vifungo.

"Usijisumbue bure, mdogo wangu," alimwambia. "Ukianza kutokwa na damu, hesabu siku kumi na nne. Siku ya kumi na nne ndiyo yenyewe. Nyingine zote mnajichosha tu."

"Una hakika, dada?"

"Wale wanne nyumbani kwangu unadhani wametoka wapi?"

Fundi akanunua kalenda ndogo, akawa anaiweka kwenye droo ya cherehani. Siku ya kwanza ya damu alitia alama nyekundu. Siku ya kumi na nne aliizungushia duara.

Kinyozi naye alikuwa na mshauri wake. Huyu alikuwa mteja wa siku nyingi, mtu mzima aliyewahi kupigana masumbwi. Jina lake pale dukani lilikuwa Bondia.

"Mwanamume anayetafuta mtoto lazima ajizuie," Bondia alisema huku akinyolewa ndevu. "Mimi kabla ya pambano nilikaa wiki sita bila kumgusa mke wangu. Nilipopanda ulingoni, mkono wa kulia ulikuwa nyundo."

Wateja wakacheka. Kinyozi naye akacheka, lakini maneno yale yakamkaa kichwani.

Basi wakawa wanaishi hivyo. Mwezi mzima kinyozi alijizuia. Ilipofika siku yenye duara, fundi alimkumbusha asubuhi na mapema. Walikutana siku hiyo moja tu, kisha wakaanza tena kungoja. Damu ilipokuja, fundi alikwenda bafuni, akarudi, akachemsha maji ya chai. Kinyozi alijua tu kwa kumtazama mgongo.

Mwezi wa nane wa kungoja, wifi yake fundi, yaani dada mkubwa wa kinyozi, alikuja kuwatembelea. Alikaa, akanywa chai, akatazama kile chumba cha pili. Ndani mlikuwa na ubao wa kupigia pasi na magunia mawili ya vitambaa.

"Chumba kizuri," wifi alisema. "Naona mmelaza vitambaa humo."

Pengine alitaka kutania. Lakini fundi alikaa na sentensi ile wiki nzima, kama mtu aliyekaa na mwiba kidoleni.

Mwezi wa kumi, siku ya duara ilipofika, kinyozi alirudi nyumbani amechoka. Alikuwa amesimama tangu asubuhi akinyoa wanafunzi wa shule mbili.

"Leo ndiyo siku," fundi alimwambia.

"Najua. Umeniambia asubuhi. Ukanitumia mtu dukani kunikumbusha. Halafu ukanipigia simu."

"Nilidhani utasahau."

Kinyozi alivua viatu polepole. "Nitasahauje? Nimekuwa kama mtu wa zamu. Naitwa, naingia kazini, nikitoka naulizwa matokeo."

"Unadhani mimi napenda kuita?" fundi alisema. "Nimechoka kuita. Ningependa siku moja uje mwenyewe, kama zamani."

Siku ile ya duara ikapita hivyo hivyo, kila mtu na upande wake wa kitanda.

Wiki tatu baadaye damu ilikuja, fundi akiwa kazini. Alikuwa anashona gauni la kazi la mkunga wa zahanati ya mtaa wa pili. Alishona mpaka mwisho, akapiga pasi, akalitundika. Jioni mkunga akaja kulijaribu. Alikuwa mwanamke mnene, mchangamfu, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi shingoni. Aliingia nyuma ya pazia, akatoka mikono imetanuka kama ya mtu anayebeba ndoo mbili.

"Mdogo wangu," alisema, "mkono wa kulia umeuweka kushoto."

Fundi alitazama. Katika miaka saba ya kazi alikuwa hajawahi kukosea mikono ya nguo. Alitaka kuomba radhi, lakini yakatoka machozi.

Mkunga hakumuuliza habari ya gauni tena. Alivuta kigoda, akakaa karibu naye. Dada Vifungo alikuwa ameshaondoka. Fundi akaeleza yote: miezi kumi, siku ya kumi na nne, wiki za kujizuia, na chumba cha vitambaa.

"Labda mimi ni tasa," alisema mwishoni.

"Hilo hulijui, na mimi silijui," mkunga alijibu. "Tuanze na tunachokijua. Hiyo kalenda unayo?"

Fundi akafungua droo. Mkunga akavaa miwani, akahesabu kwa kidole kutoka alama nyekundu moja mpaka nyingine. Alihesabu mwezi baada ya mwezi, bila haraka.

"Thelathini na tano," alisema. "Huu thelathini na nne. Thelathini na tano tena. Tena thelathini na tano. Mzunguko wako ni mrefu, lakini haurukiruki. Hiyo ni sawa. Sasa nipe tepu yako ya kupimia."

Fundi akaivua shingoni. Mkunga akaitandaza juu ya meza ya kukatia, upande wa inchi.

"Kila inchi ni siku. Inchi ya kwanza ndiyo siku ya kwanza ya damu. Damu nyingine inakuja baada ya inchi ya thelathini na tano. Umeona?"

"Nimeona."

"Yai la mwanamke hutoka kiasi cha siku kumi na nne kabla ya damu inayofuata. Sikiliza vizuri. Si siku kumi na nne baada ya damu iliyopita. Tunahesabu kutoka huku mwisho. Hesabu."

Fundi akaweka kidole kwenye thelathini na tano, akarudi nyuma inchi kumi na nne. Kidole kikasimama.

"Ishirini na moja," alisema.

"Na ninyi mlikutana siku ya ngapi?"

Fundi alitazama inchi ya kumi na nne. Kutoka hapo mpaka ishirini na moja palikuwa na urefu wa kiganja chake pamoja na vidole.

"Lakini Dada Vifungo ana watoto wanne."

"Yeye huenda mzunguko wake ni wa siku ishirini na nane. Kwake, kumi na nne ni sawa. Vipimo vya gauni lake vinakuenea wewe?"

"Haviwezi."

"Basi na mwezi wake hauwezi kuwa wako."

Mkunga aliendelea kueleza taratibu. Yai likishatoka, huishi siku moja tu, pengine pungufu. Lakini mbegu za mwanamume zinaweza kungoja ndani ya mwanamke siku tatu, hata tano. Kwa hiyo siku za kushika mimba ni zile tano kabla ya yai kutoka, pamoja na siku yenyewe. Kwa fundi, zilikuwa kuanzia siku ya kumi na sita mpaka ya ishirini na moja.

"Hata hivyo mwili si saa ya ukutani," mkunga alisema. "Yai linaweza kuwahi au kuchelewa. Kwa hiyo tazama na dalili. Siku hizo zikikaribia, ute wa ukeni hubadilika. Huwa mwingi, unateleza, unavutika kama ute wa yai bichi. Umewahi kuuona?"

Fundi alifikiri. "Huwa nauona. Nilidhani ni ugonjwa."

"Kama hauna harufu mbaya wala hauwashi, si ugonjwa. Ni mwili unakupa taarifa. Ukiuona, siku zenyewe ndizo hizo." Mkunga alisimama. "Jumatatu mumeo hafungui duka. Njooni wote wawili. Hili si jambo la kubebwa na mtu mmoja."

Nyumbani, kinyozi alisikiliza habari ya tepu bila kukatiza. Alielewa hesabu haraka. Kilichomkwamisha ni zahanati.

"Nikakae kwenye benchi na kina mama, watu wanitazame?"

"Mimi nimetazamwa miezi kumi," fundi alisema.

Kinyozi alikuna kidevu. Jumatatu alivaa shati alilovaa kwenye harusi za watu, akaenda.

Kwenye benchi walimkuta mwanamume mwingine, naye anasubiri na mkewe. Wanaume wawili wakasalimiana kwa vichwa tu. Walipoingia, mkunga alimpa kinyozi kiti kilicho karibu naye.

"Karibu, shemeji. Nimesikia unajizuia mwezi mzima."

Kinyozi aliinamisha macho. "Kuna mteja wangu alipigana ngumi. Alisema nguvu inajikusanya."

"Yeye alikuwa anatafuta mkanda wa ubingwa. Wewe unatafuta mtoto."

Fundi aliziba mdomo kwa kiganja. Kinyozi naye akashindwa kujizuia, akacheka.

"Mbegu zikikaa muda mrefu ndani huchakaa," mkunga alisema. "Zile mpya ndizo zenye mwendo mzuri. Kukutana kila baada ya siku mbili au tatu kunatosha kabisa. Siku ute unapoteleza, hata kila siku mnaweza, mkitaka. Na mkifanya hivyo mwezi wote, hamna haja ya kuogopa kukosea hesabu."

"Kwa hiyo kalenda tuitupe?" kinyozi aliuliza kwa matumaini.

"Msiitupe. Ila isiwe bosi wenu." Kisha akamgeukia. "Unavuta sigara?"

"Mbili tatu kwa siku."

"Ziache. Zinaharibu mbegu. Na wewe mdogo wangu, anza vidonge vya foliki leo, kimoja kila siku. Vinasaidia uti wa mgongo wa mtoto uumbike vizuri, na kazi hiyo huanza kabla mama hajajua ana mimba."

Fundi aliuliza swali lililokuwa likimkaba. "Na tukifanya yote haya, tukakosa?"

Mkunga hakulikwepa. "Inawezekana. Hata watu wazima wa afya hawapati kila mwezi wanaojaribu. Kwa kawaida mtu wa umri wako hungoja mwaka mmoja kabla ya vipimo. Aliyefika miaka thelathini na tano hungoja miezi sita tu. Mwenye damu ya kurukaruka au maumivu makali hangoji. Ninyi mna miezi kumi, lakini siku zenyewe zilikuwa zikiwapita. Nawapa miezi sita. Mkikosa, mje tuwapime wote wawili. Nimesema wawili. Mara nyingi tatizo huwa upande wa mume, na watu humlaumu mke tu."

Walirudi kwa miguu. Walipofika kwenye kona ya duka lake, kinyozi alisimama.

"Siku dada yangu aliposema yale ya chumba, nilisikia," alisema. "Nilipaswa kujibu. Nikanyamaza."

"Nilijua umesikia."

"Nitazungumza naye."

Akazungumza naye kweli, Jumapili iliyofuata, kwa upole. Wifi aliomba radhi kwa simu. Alisema hakujua kama neno lile limemuumiza fundi hivyo.

Mwezi wa kwanza baada ya hapo damu ilikuja. Fundi alihuzunika, lakini safari hii hakugeuza mgongo. Alimwambia mumewe, wakakaa pamoja nje mlangoni mpaka chai ikapoa. Mwezi wa pili na wa tatu damu ilikuja tena. Sasa alizijua siku zake. Alipouona ute unateleza hakumtuma mtu dukani. Alimfuata mwenyewe saa saba, wakala, akamwambia awahi kurudi. Mara nyingine kinyozi ndiye aliyewahi bila kuambiwa.

Mwezi wa nne siku ya thelathini na tano ilipita. Ya thelathini na sita ikapita. Fundi alishona bila kumwambia mtu. Siku ya arobaini na mbili alimwambia mumewe. Kinyozi akafunga duka katikati ya asubuhi, mteja mmoja akiwa amenyolewa nusu. Ikabidi arudi amalizie kwanza.

Zahanatini mkunga alipima mkojo wa fundi. Akakiweka kipimo mezani, akakisukuma kwao. Mistari ilikuwa miwili.

Kinyozi aliutafuta mkono wa mkewe bila kutazama, akaupata.

Mkunga alifungua kadi mpya ya kliniki, akachukua kalamu. "Tarehe ya siku ya kwanza ya damu ya mwisho?" alimuuliza fundi.

"Tarehe tisa," kinyozi akajibu. "Ilikuwa Alhamisi."