Mtoto Aliyeitwa Siwangu

Siku ya akika ya mtoto wa Firdausi, aliyesimamia sufuria la pilau nilikuwa mimi, ingawa mimi ni Mkristo wa Tukuyu na pilau nilijifunzia hapa hapa Kibaha. Nyumba zetu zinatenganishwa na ukuta mfupi wa tofali ambao mpaka leo hakuna aliyeumalizia. Firdausi ni mdogo sana kwangu. Ananiita Mama Ipyana, kwa jina la mwanangu, nami namwita mdogo wangu. Mumewe, Khalfani, anaendesha mashine ya kunyanyulia makontena kwenye bandari kavu ya Kwala. Ni watu wa kawaida, hawana ugomvi na mtu. Siku ile hali ya hewa ilikuwa nzuri, watoto wa mtaa wanafukuzana na maputo, mbuzi ameshaiva, na mimi nina furaha kama mtoto ni wa kwangu.

Sheikh akauliza jina. Firdausi akajibu, "Siwangu."

Wanawake wakatazamana wakitabasamu. "Jina la kibibi hilo," mmoja akasema, na Firdausi akafurahi, maana ndicho alichokuwa anakitaka. Wenzake kazini wanawapa watoto majina ya kwenye simu, yeye akataka la zamani, la kwao. Alilisikia mara moja tu, kijijini kwao Kibuta, kwenye arobaini ya mama yake, pale mzee mmoja aliposoma dua akiwataja marehemu wa ukoo. Katikati ya majina akataja Siwangu. Likamkaa moyoni. Maana yake hakumuuliza mtu. Alidhani ni neno la unyenyekevu tu: mtoto si wangu, ni wa Mungu.

Jioni, wageni walipoondoka, alimpigia simu bibi yake. Bibi Hajira ndiye aliyemzaa mama yake Firdausi. Anaishi peke yake Kibuta, na miguu haikumruhusu kuja. Simu ilikuwa kwenye spika, mimi nasugua masufuria pembeni. Firdausi akamwambia jina.

"Ameshaitwa mbele ya watu?" Bibi akauliza, kwa sauti ndogo.

"Ndiyo, Bibi."

"Mlete huku. Usikawie."

Kisha tukasikia analia.

Hatukumpeleka. Mara mvua, mara zamu za Khalfani, mara Firdausi mwenyewe anasema bibi amezeeka, ana mambo yake. Mtoto alikuwa na afya. Alilia usiku kama watoto wote, na mama yake alitembea naye sebuleni akimbembeleza, "Siwangu, Siwangu wee." Nilikuwa namsikia kupitia dirishani. Wakati ule niliona ni wimbo mzuri.

Siku moja nilimsindikiza kliniki. Benchi lilijaa, tukakaa karibu na mwisho. Nesi akatoka mlangoni akaita, "Siwangu!"

Nyuma yetu mtu akasema, "Basi ni wangu."

Watu wakacheka. Nami nilicheka. Ilikuwa sauti ya mama mtu mzima, ya utani mpole, na nikageuka nimwone huyo mcheshi. Nyuma yetu palikuwa na ukuta.

Tangu siku ile mtoto hakulia tena.

Mwanzoni Firdausi alishukuru. Akalala usingizi aliokuwa ameukosa. Baadaye akaanza kuniambia mambo kidogo kidogo, akiniangalia usoni aone kama nitamcheka. Mtoto hamtazami. Akimbeba, anatazama mlango juu ya bega lake. Asubuhi ananyonya, lakini ikifika mchana anageuza uso, anafumba mdomo, hataki. Matiti yanajaa mpaka yanauma, anakamua maziwa anamwaga. Na mtoto hakondi. Ananenepa.

"Labda anashiba ya asubuhi," nilimwambia.

"Mama Ipyana," akasema, "mnuse mdomo."

Nikamnusa. Mtoto wa maziwa ana harufu yake, kila mama anaijua. Yule alinuka maziwa, ndiyo, lakini yaliyochanganyika na moshi wa kuni na udongo uliolowa. Firdausi anapikia gesi.

Khalfani alipoambiwa akasema ni uchovu wa uzazi. Alisema kwa upole, simlaumu. Mimi nilikwenda kanisani nikamwombea mtoto, na jina lake nililitaja hivyo hivyo, Siwangu, mbele ya madhabahu.

Haikupita wiki. Ilikuwa mchana, jua la utosi, saa ambazo mtaa wetu unakuwa mtupu, watu wako makazini, hata kuku wamejificha vivulini. Firdausi alikuja kwangu kuazima mbuzi ya kukunia nazi. Mtoto alimwacha amelala ndani ya chandarua. Dirisha la jiko langu linatazama uani kwake. Nilikuwa nimeinama chini ya meza natafuta mbuzi. Nilipoinuka nikamwona mwanamke amekaa kwenye kizingiti cha mlango wake wa nyuma.

"Una mgeni?" nikamuuliza.

"Mgeni gani?"

Mwanamke alikuwa ametupa mgongo. Amejifunga kaniki nyeusi iliyopauka. Kichwa ameinamisha, kama mtu anayenyonyesha. Chini ya kiwiko chake kulitokeza mguu mdogo. Mguu ulikuwa unachezacheza, taratibu, kama wa mtoto aliyeridhika.

Firdausi alikimbia. Mimi sikuweza. Nilibaki nimekodoa macho, nikijiambia nisipepese, nisipepese. Mlango wa nyuma ukafunguliwa. Firdausi akasimama pale. Kizingiti kilikuwa kitupu.

Nilimkuta chumbani. Mtoto alikuwa kitandani, chandarua kimechomekwa pande zote kama alivyokiacha. Macho yake yalikuwa wazi. Kidevuni yalikuwa yanamchuruzika maziwa.

Jioni ile Khalfani aliporudi kutoka Kwala, hatukumweleza mengi. Alimchukua mwanawe, akanusa mdomo wake, akakaa kwenye kochi kwa muda bila kuvua buti za kazi. "Kesho twende kwa Bibi," akasema.

Tulitoka asubuhi kwa gari aliloazima kwa rafiki yake, tukapitia Pugu, tukapanda vilima vya Kisarawe, kisha tukashika barabara ya Kibuta. Mtoto nilimpakata mimi. Njia nzima hakulia wala hakulala. Alikuwa anatazama dirisha la nyuma la gari, kama anayemwangalia mtu anayetufuata kwa miguu.

Bibi Hajira anakaa kwenye nyumba ya udongo yenye bati, katikati ya mihogo na mikorosho. Tulimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba bila kututazama. Alikuwa anamtazama mtoto. Khalfani alibaki kwenye gari, akaliegesha likitazama mlango. Sisi tukaingia ndani.

"Nani alikupa jina hili?" Bibi akauliza.

"Nililisikia kwenye dua ya mama."

"Unajua ni la nani?"

Firdausi akatikisa kichwa.

"La dada yangu," Bibi akasema. "Mkubwa wangu."

Alitusimulia akiwa amekaa kwenye mkeka, mikono katikati ya magoti. Mama yake alizaa watoto wakafa, mmoja baada ya mwingine, kila mmoja kabla hajatambaa. Na kila mara, kabla mtoto hajafa, mwanamke alipita mchana akauliza mlangoni: mtoto huyu wa nani? Mama alijibu kama mama yeyote angejibu. Wangu. Hazipiti siku nyingi, anazika. Akaenda kwa mganga. Mganga akamwambia, atakayefuata umkane. Mwite Siwangu. Yule mwanamke akiuliza tena, mtajie jina la mtoto, naye atapita, maana anachukua chenye mwenyewe. Lakini mtoto akishatembea, waite watu, mpe jina lingine, umkiri mbele yao.

"Akazaliwa dada yangu, akaitwa hivyo. Yule mwanamke alikuja, akajibiwa, akapita. Dada akatembea. Mama akaogopa. Akisema ni wangu, si atarudi amchukue? Akaliacha jina." Bibi akafuta macho kwa ncha ya kanga. "Kila siku anamwita. Siwangu, njoo. Siwangu, lala. Mtoto anakua anakanwa. Na huko nje kuna anayesikia."

"Ikawaje?" nikanong'ona.

"Mimi nilikuwa mdogo, ninakumbuka. Tulikuwa shambani, mchana hivi. Dada ameanza kung'oka meno ya utoto. Mwanamke akasimama mwisho wa tuta la mihogo, akasema, kama huyu si wa mtu, basi ni wangu. Akampa mkono. Dada akaushika. Mama alikuwa anapiga kelele, Siwangu, Siwangu, amzuie. Kadiri alivyoita ndivyo walivyokwenda. Kaburi hatuna. Kwenye dua tunamtaja tu, hatujui kama amekufa au yu hai. Na jina hatukumpa mtoto mwingine."

Firdausi alikuwa analia bila sauti. Akauliza afanye nini. Bibi akasema, atakuja, sasa hivi jua likisimama. Atauliza. Umjibu wewe, mtu mwingine asijibu: umkiri, umpe jina lingine, maana tangu ampate dada anamfuata aliyekanwa, si mwenye mwenyewe.

Tukangoja. Upepo uliokuwa unatikisa mikorosho ukaacha. Bati likawa linalia kwa joto, ka, ka, ka. Kisha nalo likanyamaza.

Mtoto akatabasamu. Sikuwahi kumwona akitabasamu. Alikuwa anatazama pazia la mlango.

"Hodi," mtu akasema.

Hatukuitika.

"Mtoto huyu wa nani?"

Sauti ilikuwa ile ya kliniki. Mpole. Ya mtu anayeuliza njia. Bibi akamwashiria Firdausi kwa kidevu. Firdausi akafungua mdomo.

"Si..." akasema.

Alikuwa amelitamka jina lile mara nyingi mno. Ulimi ulikuwa unajiendea wenyewe. Niliona macho yake yamejaa hofu, midomo inaendelea kuumba neno asilolitaka. Bibi akaruka, mzee wa miguu mibovu yule, akamziba mdomo kwa kiganja.

Mtoto akanyoosha mikono kuelekea mlangoni. Firdausi akavutwa. Nasema akavutwa. Nyayo zake ziliburuzika sakafuni, mtoto mbele, yeye nyuma, kama amekamata kamba ya ng'ombe. Nikamkumbatia kiunoni. Nikavutwa nami.

"Mtoto huyu wa nani?"

Sasa ilikuwa ndani ya chumba. Pazia halikutikisika.

Firdausi akauondoa mkono wa Bibi. Mdomo ulikuwa unatoka damu, alikuwa amejing'ata ulimi.

"Wangu," akasema. "Nimemzaa mimi. Wangu. Anaitwa Zubeda."

Mvuto ukaisha. Tukaanguka wote chini. Na mtoto akalia. Alilia kwa nguvu, uso umekunjamana, akatafuta titi la mama yake kwa pupa, akalishika. Firdausi akamfunika kwa kanga na mwili wake wote.

Nilidhani yamekwisha. Lakini pale mlangoni mtu alivuta pumzi.

"Na yule mwingine?"

Hakuna aliyemtazama mwenzake. Nilitamani Bibi anyamaze. Nilimwomba Mungu wangu amnyamazishe. Bibi Hajira alikuwa amepiga magoti pale pale alipoangukia. Uso wake ulibadilika, nikaona katika ule uzee mtoto mdogo aliyesimama shambani akitazama.

"Wangu," Bibi akasema taratibu. "Yule naye wangu. Ni dada yangu. Mrudishe."

Bati likaanza tena kulia. Upepo ukarudi.

Khalfani aliingia mbio aliposikia mwanawe analia. Tukamuuliza kama amemwona mtu. Akaapa alikuwa ameukodolea macho mlango muda wote, hajapita hata kuku. Tukatoka naye nje. Kwenye mchanga, kutoka upande wa mikorosho, zilikuja nyayo za mtu mzima, peku, na pembeni yake nyayo za mtoto. Zilipita karibu na gari kiasi kwamba angenyoosha mkono dirishani angewagusa. Zile kubwa zilikuwa zimegeuka mlangoni na kurudi zilikotoka. Zile ndogo zilivuka kizingiti.

Hakuna zilizotoka.

Tulimsihi Bibi twende naye Kibaha siku hiyo hiyo. Khalfani alitaka hata kumbeba. Alikataa. "Nitamwacha na nani?" akasema, akashika fagio, akaanza kufagia uwanja kama mtu anayetarajia mgeni.

Zubeda sasa anatembea, ana kelele, anamwita mama yake kutwa nzima. Sheikh alikuja tena, jina likatangazwa upya, nami nilipika tena pilau. Firdausi haongelei mambo yale. Ila mchana hamwachi mtoto peke yake, hata dakika.

Mwezi uliopita tulikwenda Kibuta kumpelekea Bibi sukari na kanga. Tulimkuta amenawiri, amesuka nywele, na nywele zile amesukwa kisogoni, mahali ambapo mtu hawezi kujisuka mwenyewe. Nilimsaidia kufagia chumbani. Fagio lilipotoka uvunguni mwa kitanda lilileta kitu cheupe, kidogo kama punje ya mchele. Nikainama nikakiokota.

Lilikuwa jino la mtoto. Shina lake lilikuwa bado na damu mbichi.

Bibi alilichukua kiganjani mwangu bila kusema neno. Akatoka nje, akalirusha juu ya bati kama tunavyowarushia watoto wetu meno ya utoto. Tukalisikia likibiringika, kisha likatulia. Na ndani ya nyumba ile, ambamo hatukuwa tumemwacha mtu, mtoto alicheka.