Upanga Uliooshwa Mtoni

Sogeeni huku kwangu, wanangu, na huyo aliye karibu na dirisha alifunge kwanza. Haya.

Hapa hapa Ndar, mji wetu wa kisiwani mtoni, enzi za magavana wa Kifaransa, upanga wa Kapteni Garrigue ulianza kutoka jasho. Sira mpishi ndiye aliyeuona. Aliufuta pale ukutani ulipotundikwa, akarudi kwenye mtama wake, akageuka tena: maji yanachuruzika kwenye ncha, tone, tone, yananuka tope.

"Koddu, binti yangu," alinong'ona, "huu upanga aliuoshea wapi?"

Koddu alikuwa mke wa kapteni kwa ndoa ya kwetu, ya mahari na mashahidi, hata kama padri aliikunjia uso. Alikuwa akimnyonyesha mwanawe Birama, hajaota hata jino.

"Pale pale walipopigana. Kwenye ncha ya kisiwa."

"Aliwasalimu wenye maji?"

"Mzungu asalimu maji, Mama Sira? Hata mama mkwe wake hajui kumsalimu!"

Wakacheka, lakini Sira hakuugusa tena ule upanga.

Pambano lenyewe lilitokana na upuuzi wa mezani. Luteni Thévenet, pombe imemkolea, alisema mbele ya maofisa wote: "Garrigue, mtoto wako ana masikio yangu. Umemuuliza Koddu?" Koddu hakuwahi kumpa mtu yule hata mkono. Ila wale maofisa, neno likitoka mbele ya wenzao, hulifuta kwa damu tu. Asubuhi wakasimama kwenye mchanga, vifua wazi. Thévenet aliteleza, upanga ukamtoka, akainua mikono akicheka: "Basi, kaka, yaishe! Nilikuwa natania!" Garrigue akamchoma shingoni hivyo hivyo, katikati ya kicheko. Damu ikaingia mtoni kama iliyomwagwa kwa ndoo. Naye akachutama, akasuuza upanga wake humo humo, pahali ambapo sisi hatutii hata kidole bila kubisha hodi.

Baada ya hapo, kila jua lilipofika utosini na nyumba kulala, nyayo zilisikika kwenye ngazi, nyayo za mtu aliyelowa. Kapteni aliketi kitandani macho meupe, na kooni mwake ikatoka sauti ya Thévenet, inatokota kama sufuria: "Koddu, nimemfuata mwanangu." Siku moja aliuchomoa upanga akalifumua godoro alipokuwa amelazwa Birama kitambo kidogo tu, akalichoma na kulichoma hadi sufi ikajaa chumbani kama moshi, na Koddu amejibanza nyuma ya mlango, kiganja kwenye kinywa cha mtoto, akiomba asilie, asikohoe, asipumue.

Alipozinduka, kapteni aliona sufi mikononi mwake, akalia kama mtoto.

Wakamwita Bibi Daba, mganga wa ngoma.

"Huyu si luteni," Daba alisema, akinusa upanga. "Aliyekufa amekufa. Huyu ni jini wa mtoni. Ameonjeshwa damu, amevaa sauti ya mwenye damu, na anataka kile kilichogombaniwa."

"Mwanangu," alisema Koddu.

"Ndiye. Sasa wewe Kapteni, utalala chini ya shuka, umekumbatiana na fahali, ngoma zipigwe mpaka jini ahamie kwa mnyama. Usiinuke kabla kisu changu hakijapita shingoni mwa fahali. Ukiinuka, mtoto huna."

"Nilale na ng'ombe? Mimi? Mbele ya watumishi?"

"Ulimuua rafiki yako mbele ya watu," alisema Koddu. "Lala."

Akalala. Uani ngoma zikalia, shuka zikapanda na kushuka, fahali akaanza kutetemeka, kisha akagumia, na wote wakasikia kwamba ule si mgumio wa mnyama, ni mtu anayesongwa na damu. Daba akainua kisu.

Ndipo ng'ambo ya ukuta farasi wakasimama.

"Garrigue!" Alikuwa Luteni Malvoisin, kapita na wenzake, anachungulia juu ya ukuta kutoka mgongoni mwa farasi. "Siku hizi unalala na ng'ombe? Na masikio ya ndama yatakuwa ya nani?"

Kicheko kikavuka ukuta. Koddu akajitupa juu ya shuka. "Usimjibu, mume wangu! Wacha wacheke! Nakuomba, usimjibu!" Akausikia mwili wa mumewe ukikakamaa chini yake.

"Nani anayenicheka?" alinguruma kapteni, akazitupa shuka, na jini aliyekuwa nusu kwa fahali nusu kwake akamrudia mzima mzima, akamnyanyua miguu isiguse chini, akaunyaka upanga uliolazwa kando ya ngoma, mkono wa Daba ukaanguka na kisu chake, Sira akapasuliwa uso aliposimama mlangoni, kapteni akaingia chumbani huku kinywa kinamwaga maji meusi na kucheka kicheko cha Thévenet, akauinua upanga juu ya kitanda alicholala Birama, na Koddu, aliyekuwa ameuokota mchi wa kutwangia kibarazani, akampiga kisogoni, akampiga tena alipogeuka, akaendelea kumpiga alipopiga magoti, mpaka mchi ukawa unagonga sakafu.

Kapteni alifumbua jicho moja. "Mtoto?" aliuliza, kwa sauti yake mwenyewe.

"Mzima."

"Vizuri," akasema, akafa.

Ngoma zilikuwa zimenyamaza. Uani fahali alisimama, akaanza kula majani. Koddu akamchukua Birama kifuani, akakaa chini kwenye damu, akatoa pumzi kwa mara ya kwanza tangu asubuhi.

Ng'ambo ya ukuta kicheko cha Malvoisin kilikatika. Farasi wake alilia, akamtupa. Wenzake wakaita, "Malvoisin? Malvoisin, vipi?" Akakohoa, kikohozi chenye maji. Kisha akaja mpaka langoni polepole, viatu vikitoa sauti ya kulowa, akasema kwa upole kupitia ufa wa mbao:

"Koddu. Nipe tu mwanangu wewe mwenyewe, nisije nikaingia."