Mume Aliyezidi Kuwa Mwema

Majini nawajua, usinitishe nao. Lakini huyu wa Hadiyo, pale mtaani Malakia, alinifunga mdomo hata mimi.

Kilianza kitu kidogo: asubuhi moja sahani ya marehemu Mowlid, mume wa Hadiyo, ilikutwa imeoshwa, na si Hadiyo aliyeiosha. Mowlid, Mungu amrehemu, hakuwahi kuosha hata kijiko.

Tangu eda iishe, kila magharibi Hadiyo alifunga duka lake la vitambaa, akawasha chetezo na kukifukiza udi kikoi cha mumewe, vilevile kama enzi za uhai wake. Kwao, harufu hiyo ndiyo humwita mume nyumbani. Sasa mume yuko kaburini. Wewe unadhani nani ataitika?

"Jana aliniuliza kama nimechoka," Hadiyo alimwambia wifi yake, Kowsar. Macho ya Hadiyo yalikuwa yameingia ndani, mifupa ya mabega imechomoza.

"Nani?"

"Kaka yako."

Kowsar akacheka, kisha akaacha. "Kaka yangu huyuhuyu? Aliyekumwagia chai kwa sababu ya sukari?"

"Hakunimwagia. Ilimponyoka."

"Wifi, nilikuwepo!"

Kowsar akamleta Sheikh Ayanle. Sheikh alinusa pazia la chumbani, akarudi nyuma.

"Jini huyu ananenepa kwa sifa unazompa Mowlid," alinong'ona. "Mtaje Mowlid kama alivyokuwa, atatoka. Ukikataa, atakumaliza."

Hadiyo akashusha pumzi. Akaanza. Alitaja chai, akataja matusi mbele ya wateja, akataja siku mimba ilipoharibika naye Mowlid akaenda zake soko la Konyo Konyo kutazama mpira, na kadiri alivyotaja ndivyo harufu ya udi ilivyogeuka kuwa ya udongo mbichi, jenereta la jirani likazimika lenyewe, pazia likatuna na kunywea kama kifua cha mtu anayekata roho, na nyuma yake meno yakawa yanasagana huku Kowsar ameung'ang'ania mkono wa Sheikh aliyekuwa akisoma dua kwa sauti, mpaka ghafla kukawa kimya.

"Ametoka?" Kowsar akauliza.

Nyuma ya pazia mtu akavuta kamasi.

"Hadiyo," ilisema sauti ya Mowlid, "yote uliyosema ni kweli. Nisamehe."

Neno hilo Mowlid hakulitamka hata siku moja katika ndoa yao.

"Usimjibu!" Sheikh akapiga kelele.

Hadiyo akaegemea ukuta, akafumba macho kama mtu aliyetuliwa mzigo.

"Nimekusamehe," akasema. "Njoo ule."