Mkeka wa Lameck

Jioni ile nilikuwa uani, hapa Chiwata, nachekecha unga wa mtama wa kumwita mdogo wangu. Lameck alifia Dar, chumba cha kupanga, akazikwa na watu wasiomjua. Kwetu mtu wa hivyo haachwi huko. Unamtandikia mkeka, unamwaga unga upande wa kichwa, unamwita kwa jina. Na hakuna anayeukalia mkeka huo mpaka mwenyewe aje. Wa Lameck nilikuwa nimeshautandika.

"Shikamoo, Mama Glory."

"Marahaba."

Alikuwa Isaka, kijana wa Newala anayetengeneza filamu za watu wa mjini, wanaoishi ukuta kwa ukuta bila kujuana majina. Alimrekodi Lameck siku zake za mwisho, sasa kaja kunionyesha.

Nikatazama kwenye kompyuta yake. Lameck ameketi kitandani, jasho linamtiririka. Redio ya jirani inaimba. Watu wanapita dirishani, wanacheka. Midomo yake ikacheza...

"Maji."

Kamera haikutikisika.

"Ulimpa?" nikanong'ona.

"Ningeharibu picha, mama. Nilitaka upweke wenyewe uonekane."

Nilitamani kumrarua. Mkuki kwa nguruwe, nikajisemea, nikachukua simu yangu.

"Keti pale mkekani, mwanangu. Na mimi nikurekodi."

Akautazama mkeka. Akautazama unga. Mtoto wa Newala, anajua vizuri kabisa. Lakini Dar ilikuwa imemfundisha kucheka mambo kama hayo. Akacheka, akaketi.

"Usiongee. Tazama hapa."

Nikaita polepole. "Lameck... Lameck..."

Kukanuka jasho na dawa, kama chumba kisichofunguliwa. Redio ikaanza kuimba. Nyumba yangu haina redio.

Kwenye simu walikuwa wawili.

Isaka akafumbua mdomo. Sauti ikatoka, kavu.

"Dada... maji."

Mtungi ulikuwa kando yangu, umejaa. Mkono wangu haukutikisika; nikaendelea kurekodi. Niliona raha, sitadanganya.

Nilipoishusha simu, mkeka ulikuwa mtupu.

Kompyuta yake ninayo bado. Kitandani, katika chumba kile cha Dar, sasa ameketi Isaka. Watu wanapita dirishani, wanacheka. Lameck hayupo humo tena, na nyumbani hajafika. Kila jioni namwaga unga, naita, naweka kikombe cha maji. Asubuhi nakikuta vilevile.

Isaka aliniita mama tangu alipoingia. Hakuwahi kuniita dada.