Mdhamini wa Kila Jumatatu

Korido ya mahakama mjini Singida ilikuwa imefurika watu, na Mselemu alisimama katikati yao na pingu mikononi. Jaji alikuwa amempa dhamana hadi rufaa yake isikilizwe: asitoke nje ya mkoa, na kila Jumatatu aripoti kwa karani pamoja na mdhamini wake. Lakini ndugu aliyeahidi kumdhamini alikuwa ameingia mitini.

"Kaka, wewe una sura ya kukimbia kweli?" akauliza dada mmoja mwenye gauni la njano, aliyekuja kugongewa muhuri wa kiapo.

"Nikikimbia, nitakimbilia kwako."

Dada huyo, Anifa, akacheka, akamdhamini. Watu wakasema amerogwa. Baada ya miezi miwili Jumatatu ikawa siku yao ya kutoka: sahihi kwanza, halafu chipsi kuku.

"Rufaa ikiisha nakuoa," Mselemu alimwambia.

"Uanze kuniita mke siku hiyo, si leo!"

Alhamisi moja Anifa alikwenda Misigiri kwa shangazi yake, na simu ikawa haipatikani. Amenichoka, Mselemu akajiambia, na roho ikamuuma kwelikweli.

Jumatatu akamkuta kwenye benchi la karani, gauni la njano limejaa vumbi.

"Mpenzi, simu vipi? Na mikono mbona baridi hivi?"

"Upepo wa Singida huujui?" Akatia sahihi.

Mselemu alipotangulia nje, simu yake ikaita.

"Shemeji, ni Abdulrazaki, kaka yake Anifa. Namba yako tumeipata leo. Basi lilipinduka Alhamisi. Anifa tulimzika Ijumaa."

Akarudi ndani mbio. Hakumkuta.

Hakumwambia mtu. Bila mdhamini angerudishwa gerezani, na gereza alilijua. Jumatatu iliyofuata Anifa alikuwa palepale. Karani, Mama Rebeka, akawasogezea daftari bila kuinua uso. Anifa alishika kalamu, na udongo ukadondoka juu ya karatasi.

"Nimechoka, Mselemu," alinong'ona. "Lakini niliahidi."

Mselemu alimtazama mpaka machozi yakamtoka.

"Mama, futa jina la mdhamini wangu. Alishafariki."

"Unarudi gerezani leo hii, unajua? Halafu amefariki vipi, na si huyu ha..."

Karani akainua uso. Kalamu ilikuwa ikibiringika peke yake mezani.

"Kapumzike, mke wangu," alisema Mselemu.

Kabla askari hajafika na pingu, alipapasa benchi pale Anifa alipokuwa ameketi. Palikuwa na joto.